Wale Wazee wa Bao Mnaowaita "Hawana Kazi"

Wadau wangu wa Tangini na Kibaha nzima, kuna kauli naisikia sana mtaani: wanaoshinda kwenye bao ni wazee waliokosa kazi. Leo mnisamehe, nawatetea.

Angalia hesabu yenyewe. Ubao una safu nne za mashimo 8, jumla 32. Kete ni 64, na za asili ni komwe, zile mbegu ngumu za kijivu za mkomwe. Unaanza na kete 10 ubaoni, 6 kati ya hizo zikiwa kwenye nyumba, lile shimo la mraba. Nyingine 22 unazishika mkononi na kuziingiza moja moja. Huko ndiko kunamua. Zikiisha mkononi mnaingia mtaji, mnapambana na zilizomo ubaoni tu. Kete moja inaweza kuzunguka, ikala, ikazunguka tena, na fundi anajua itaishia wapi kabla hajagusa shimo. Wewe na simu yako unahitaji kikokotoo kugawana bili ya chipsi.

Tena wengi tunaojisifu tunajua bao, tunajua la kujifunza tu, lile la kuweka kete mbili mbili kila shimo. Hilo ni chekechea!

Na si mambo ya jana. Muyaka bin Haji, mshairi wa Mombasa wa mwanzoni mwa karne ya 19, alishalitungia bao shairi. Ndugu zake bao wapo pia: Uganda wana omweso, Malawi wana bawo. Mwalimu Nyerere alilipenda sana, na sidhani kuna aliyethubutu kumwambia hana kazi. Miaka ya 1990 Mholanzi mmoja, Alexander de Voogt, alifunga safari hadi Zanzibar kuchunguza akili za mafundi wa bao, na mwaka 1995 akatoa kitabu kizima. Mtu katoka Ulaya kuja kusoma kichwa cha mzee ambaye sisi tunampita na bodaboda.

Drafti yenyewe siihofii. Kipande cha boksi na vizibo vya soda, mchezo umeanza. Bao linataka ubao wa kuchonga na linataka fundi, kwa sababu linafundishwa kwa kusimama nyuma ya wachezaji na kutaniwa, miezi hadi miaka. Programu ya simu itakuonyesha kanuni, lakini haitakucheka ukiacha nyumba yako wazi, na kile kicheko ndicho kinachofanya usirudie. Vijana tukiona aibu kusimama pale, wale mafundi watamwachia nani?

Ukienda, usiombe kucheza siku ya kwanza. Amkia, simama, angalia mikono, usitoe ushauri kama hujaulizwa. Siku ukikaa mkekani, jiandae kufungwa "mkononi", yaani umeshapigwa huku kete zako za kunamua hata hazijaisha. Hiyo wataisimulia mpaka Mailimoja.