YAH: KITUFE KILICHOPOTEA

Leo tuache siasa kidogo, tuzungumzie vitufe.

Nenda steshenari yoyote pale Mwanga au Ujiji, omba uchapiwe barua ya kazi. Mchapaji hata hakuulizi: YAH: inakuja kwa herufi kubwa, inapigiwa mstari chini, na aya zinanyooshwa kushoto na kulia. Sasa jaribu kuandika barua ya wazi kwa mkuu wa wilaya ndani ya blogu ya WordPress. Kitufe cha mstari na kile cha kunyoosha aya viling'olewa Desemba 2016, toleo la 4.7.

Chanzo ni msongamano. Mwaka 1989 Word ya kwanza ya Windows ilikuwa na safu 2 za vitufe. Word 2003 ikafika 31! Ni kama daladala ya Kibirizi: kupakia rahisi, kumshusha mtu ndiyo ugomvi. Kwenye Office 2000 Microsoft walijaribu ujanja, kompyuta yenyewe ifiche amri usizozigusa. Watu wakachanganyikiwa, maana ulichokiona jana leo hukioni.

Ndipo wakahesabu. Amri 5 tu (kubandika, kuhifadhi, kunakili, kutendua na herufi nzito) zilikuwa karibu asilimia 32 ya amri zote zilizotumika katika Word 2003. Jensen Harris na wenzake wakapanga upya kila kitu kwa Office 2007.

Kwenye wavuti mambo yalijirudia. Kihariri kiitwacho TinyMCE, kilichotoka 2004, kiliiga vitufe vya Word, na WordPress wakakichukua Desemba 2005. Baadaye safu ya pili ikafichwa nyuma ya kitufe kimoja, kisha hao wawili wakaondoka kabisa. Sababu zao zina maana: neno lenye mstari chini msomaji hudhani ni la kubofya, na aya iliyonyooshwa pande zote huacha mapengo kwenye skrini. Tena ukibonyeza Ctrl na U mstari bado unakuja. Sawa, lakini simu yangu haina Ctrl, na habari zangu nyingi naziandikia kwenye simu.

Kinachonisumbua ni ile hesabu. Takwimu za Word zilitoka kwa watu waliokubali kompyuta zao zitume taarifa kwa intaneti. Kebo ya SEACOM imefika Dar Julai 2009, miaka miwili na zaidi baada ya Office 2007 kuingia sokoni. Kompyuta ya steshenari isiyo na intaneti, inayopiga mstari chini ya YAH: kutwa nzima, ingehesabiwa na nani?

Barua yangu ya wazi nimeitoa kwa herufi nzito, bila mstari. Mzee mmoja wa Ujiji ameisoma hadi mwisho, kisha akaniuliza kama hiyo ni rasmi au bado naandaa.