Dohani na Hori: Krismasi ya Sinema Bubu

Mwaka 1898, Mwingereza George Albert Smith alitengeneza filamu ya dakika moja na ushee, *Santa Claus*. Watoto wawili wanatundika soksi na kulala, mtumishi anazima taa, ukuta unakuwa mweusi. Katika weusi huo linajitokeza duara, na ndani yake paa la nyumba: Baba Krismasi anaingia kwenye dohani. Smith alipiga picha mbili juu ya ukanda mmoja, mtazamaji akaona chumbani na juu ya paa kwa wakati uleule. Kwa siku zile lilikuwa jambo la ajabu. Kampuni ya Edison ikafuata na filamu zake za Krismasi mwaka 1905 na 1910. Mwaka huo wa 1910 ndipo reli ya Wajerumani ilipofika Dodoma, katika nchi ya Wagogo.

Tembe, nyumba ya jadi ya Mgogo, halina dohani. Paa lake ni bapa, boriti zimefunikwa fito na udongo ulioshindiliwa, na mavuno huanikwa juu yake. Vyumba vinauzunguka ua ambamo ng'ombe hulala, na usiku watu husikia mifugo ikicheua hatua chache kutoka kitandani. Krismasi yenyewe huangukia majira ya mvua, watu wakiwa shambani na uwele na mtama. Mtoto aliyekulia humo hahitaji maelezo marefu kuhusu mama aliyemlaza mwanawe horini. Dohani ndiyo ingemsumbua.

Ndiyo maana naithamini zaidi *From the Manger to the Cross* ya mwaka 1912. Mwongozaji Sidney Olcott wa kampuni ya Kalem alisafiri na waigizaji wake hadi Misri na Palestina. Gene Gauntier aliandika hadithi na kuigiza Mariamu, na safari ya kukimbilia Misri ikapigwa Misri yenyewe, mbele ya piramidi. Habari ya Krismasi ilikuwa imeingia Afrika kwa miguu yake.

Lakini filamu bubu ilihitaji sauti ya kuieleza kwa watazamaji. Mwaka 1935 mradi wa sinema za elimu ulianza Vugiri, Usambara, na lori lake likazunguka Afrika Mashariki likionyesha filamu za minyoo, kodi na mmomonyoko wa udongo, maneno yakitoka kwenye santuri. Mradi ulikoma 1937. Kitengo cha Filamu cha Makoloni, kilichoanzishwa London mwaka 1939, kiliendelea kutumia filamu bubu, msimulizi akisimama kando ya kitambaa na kueleza kwa lugha ya wenyeji.

Filamu ya Olcott ingalipo. Tangu 1998 Marekani inaihesabu kati ya filamu zake za kuhifadhiwa. Ningependa ionyeshwe Mvumi, huko Ugogo, Desemba moja, msimulizi akitumia Kigogo na kwaya ya ngoma ikiwa kando yake.