Piga Picha Ukuta Pia

Ukitaja Marekani ya miaka ya sitini, wengi tunawaza mahipi, magitaa na nywele ndefu. Sawa. Lakini hebu twende Chicago. Mimi chuo niliacha, ila hii historia naona kila mwenye kamera aijue.

Kulikuwa na kampuni ndogo, Film Group, ya kina Mike Gray na Howard Alk. Walikuwa wanatengeneza matangazo ya biashara. Mwaka wa 1968 polisi wakawatandika waandamanaji mjini humo wakati wa kongamano la chama cha Democratic, na hao jamaa wakageukia siasa. Mwaka uliofuata wakawa wanamrekodi Fred Hampton, mwenyekiti wa Black Panther jimbo la Illinois. Kijana wa miaka 21 tu.

Alfajiri ya Desemba 4, 1969, polisi 14 wakavamia nyumba yake. Wakamuua yeye na mwenzake, Mark Clark. Wakasema ati walikuwa wanarushiana risasi na Panthers.

Sasa sikia. Polisi waliondoka bila kuifunga ile nyumba. Wapiga filamu wakaingia. Walirekodi nini? Kuta. Milango. Godoro lenye damu. Vitu ambavyo leo havipati hata laiki kumi. Gazeti moja kubwa lilipochapisha picha za matundu, ati ya risasi za Panthers, kumbe ni vichwa vya misumari! Mwaka wa 1970 jopo la uchunguzi la mahakama ya shirikisho likasema polisi walifyatua risasi zaidi ya 80, na Panthers moja tu.

Filamu yenyewe, The Murder of Fred Hampton, ilitoka 1971. Kuna polisi alifungwa? Hakuna. Familia na walionusurika walikubaliwa fidia ya dola milioni 1.85 mwaka wa 1982, miaka 13 baadaye. Kwa hivyo mtu asikudanganye kwamba kamera peke yake huleta haki. Lakini bila hizo picha, uongo ungekaa vizuri sana.

Sisi wa maandamano ya 2024 tulikuwa wakali wa laivu: moshi, mbio, kelele. Ni sawa. Ila kelele zikiisha, rudi kama ni salama. Piga picha ukuta, mlango, ganda la risasi lilipoangukia. Andika tarehe na saa. Na ile video asili usiifute, hata simu ikijaa.