Macho ya Machado (Sehemu ya Tatu)

Tulimwacha wapi jamaa yetu? Enhee! Gizani.

Ni mwisho wa mwaka 1878. Joaquim Maria Machado de Assis, miaka 39, karani wa Wizara ya Kilimo mjini Rio de Janeiro, mshairi na mwandishi wa riwaya nne, anapanda milima kwenda Nova Friburgo. Haendi kutalii. Mwili umechoka, macho yamegoma.

Macho, ndugu msomaji! Mwandishi bila macho ana tofauti gani na seremala aliyenyang'anywa randa?

Kama Jumamosi iliyopita ulikuwa harusini, nikudokeze haraka. Mtu wetu ni mzaliwa wa kilima cha Livramento. Babu na bibi mzaa baba walikuwa watumwa walioachwa huru. Baba mpaka rangi. Mama mfua nguo, akafariki mtoto hajatimiza miaka 10. Shule ya kuungaunga. Ujanani akapanga herufi kwenye kiwanda cha chapa cha serikali, moja baada ya moja, huku mashairi yake yakianza kutoka magazetini.

Na kifafa? Hicho alikificha kama deni.

Sasa mtazame Carolina, mkewe. Mreno huyu kamzidi mume miaka minne. Ndugu zake walimkataa bwana harusi kwa sababu ya rangi ya ngozi yake. Bibie akaziba masikio, wakafunga ndoa 1869. Unadhani atamwacha leo?

Thubutu! Kashika kalamu. Mume anatamka, mke anaandika.

Anaandika nini? Hapo ndipo penye utamu.

Zile riwaya nne za mwanzo zilikuwa na adabu zake: mapenzi, posa, machozi kidogo. Hazikumuudhi mtu. Mjukuu wa watumwa angemuudhi nani, katika nchi ambayo utumwa ungefutwa mwaka 1888? Karani ana bosi. Karani ana mshahara wa kulinda.

Lakini sauti inayotoka Friburgo si ya karani. Ni ya Brás Cubas, tajiri wa Rio, miaka 64, hana mke, hana mtoto, hajawahi kutoka jasho kwa kazi.

Bwana huyu anaanza na mazishi. Manyunyu yanaanguka. Waombolezaji 11, basi.

Mazishi ya nani?

Yake mwenyewe!

Ndiyo, umesoma sawasawa. Msimulizi ni marehemu. Sasa niambie, maiti anamwogopa nani? Hana bosi, hadaiwi, hatafuti mchumba. Anasema yote, tena kwa kicheko. Anasimulia hata alivyokuwa mtoto akimpanda mgongoni Prudêncio, mtumwa mdogo wa kwao, amemfunga kamba mdomoni kama lijamu, kifimbo mkononi. Anasimulia bila haya, kama anayekumbuka mchezo wa gololi.

Umeliona pigo? Mjukuu wa watumwa hakumshtaki bwana mkubwa. Alimpa tu nafasi ya kuongea. Bwana akajianika mwenyewe.

Mwaka 1880 hadithi ikaanza kutoka kwa vipande katika jarida la Revista Brasileira. Watu wa Rio wakangoja kipande kijacho, kama wewe unavyoningoja mimi. Mwaka 1881 ikawa kitabu.

Mtu akafungua ukurasa wa kutabaruku. Kitabu hiki kimetabarukiwa nani? Mfalme? Hapana. Carolina, aliyeshika kalamu? Wala!

Haya, kitendawili!

Hana mikono, hana miguu, hajui kusoma. Lakini kitabu ni chake. Na alipozikwa Bwana Brás, yeye ndiye aliyemkaribia kuliko wale waombolezaji wote 11.

Nani huyo?

Umeshindwa? Basi nipe mji.

Hapana, usinipe leo. Kaa nacho mpaka Jumamosi.