Samaki wa mapambo: Chakula kingi huwaua kuliko njaa

Katika mitaa ya Eastlands jijini Nairobi, kuanzia Buruburu na Donholm hadi Umoja, Komarock na Kayole, si ajabu siku hizi kukuta tangi la kioo lenye samaki wa rangi likiwa limewekwa sebuleni kando ya televisheni. Samaki hahitaji ua wala banda, habweki usiku, na hamkeri jirani wa ghorofa ya chini. Kwa mkazi wa nyumba ya kupanga, huyu ni mfugo anayefaa mno.

Hata hivyo, wengi wanaoanza ufugaji huu huwapoteza samaki wao katika majuma machache ya kwanza, na lawama zote humwendea aliyewauza. Aghalabu chanzo huwa mle mle nyumbani, tena hutokana na huruma: samaki hupewa chakula kingi kuliko wanavyoweza kula, nacho kinachobaki huharibu maji wanamoishi. Anayemlisha samaki huyalisha maji pia, na asiyelifahamu jambo hili atanunua samaki wapya kila mwezi.

Kinachotendeka majini

Samaki hula, hupumua na kujisaidia katika maji yayo hayo. Kinyesi chake, taka zinazotoka kupitia mashavu yake na chakula kinachooza chini ya changarawe huzalisha amonia, sumu inayochoma mashavu na kumnyima pumzi. Katika mto au ziwa, sumu hiyo huzimuliwa na wingi wa maji. Katika tangi la lita 50 haina pa kwenda.

Mwokozi hapa ni bakteria. Kundi moja la bakteria hugeuza amonia kuwa naitraiti, ambayo pia ni sumu, na kundi la pili hugeuza naitraiti kuwa naitreti, ambayo haina madhara makubwa ikiwa kidogo. Bakteria hao hukaa kwenye sifongo la chujio, changarawe na kuta za tangi, nao huchukua kati ya majuma manne na sita kuzaana vya kutosha. Ndiyo sababu tangi jipya, japo maji yake yang'ae kama kioo, ni mahali pa hatari kwa samaki.

Haraka haraka haina baraka. Tangi jipya liendeshwe kwanza na samaki wawili au watatu wadogo, wapewe chakula kidogo mno, na wengine waongezwe polepole. Mwenye rafiki aliye na tangi la siku nyingi lenye samaki wazima anaweza kumwomba kipande cha sifongo lililokwisha kutumika. Bakteria waliomo watafupisha muda wa kungoja. Vipimo vya maji vikipatikana, amonia na naitraiti zapaswa kuwa sufuri, nayo naitreti isizidi miligramu 40 kwa lita.

Kiasi cha chakula

Samaki mkubwa wa kawaida, mathalani gapi, moli au tetra, hutosheka kwa kulishwa mara moja au mbili kwa siku. Kipimo ni kile wanachoweza kukimaliza kwa dakika mbili au tatu. Kinachobaki kikielea au kutua chini baada ya hapo kilikuwa cha ziada, nacho kiondolewe kwa wavu au mpira mwembamba wa kufyonzea. Tumbo la samaki mdogo halizidi sana ukubwa wa jicho lake. Ukilikumbuka hilo, mkono utakuwa mwepesi.

Samaki kukimbilia kioo kila mtu anapopita si ushahidi wa njaa. Amezoea kwamba mtu huja na chakula, naye atakimbia vivyo hivyo hata kama alikula muda mfupi uliopita. Vifaranga ndio wanaohitaji kulishwa mara tatu au nne kwa siku, tena chembe ndogo ndogo. Kwa wakubwa, siku moja ya kufunga kila juma haiwadhuru.

Nyumba yenye watoto na msaidizi wa kazi huwa na tatizo la pekee: kila mtu hulisha, na hakuna anayejua mwingine amelisha. Kazi hii apewe mtu mmoja. Familia inaposafiri kwenda mashambani Desemba, samaki wakubwa wenye afya wanaweza kukaa juma zima bila chakula. Safari ikizidi hapo, jirani aachiwe vijifuko vya karatasi, kila kimoja kikiwa na kipimo cha siku moja, na mkebe wenyewe ufichwe.

Aina ya chakula

Vyakula vya madukani viko vya namna nyingi: vya vipande vyepesi vinavyoelea, na vya tembe, baadhi zikizama. Mfugaji atazame mdomo wa samaki wake. Mdomo unaoelekea juu ni wa mlaji wa juu ya maji. Unaoelekea chini, kama wa kambare wadogo wa mapambo, ni wa mlaji wa sakafuni, naye atakufa njaa ikiwa chakula chote huishia juu. Mkebe ukishafunguliwa, vitamini hupungua mwezi hadi mwezi. Ni heri kununua mkebe mdogo na kuuhifadhi pakavu, ukiwa umefungwa barabara.

Omena ni chakula kizuri cha nyongeza kwa samaki wanaokula nyama. Ioshwe hadi mchanga utoke, ikaushwe, isagwe iwe laini, kisha itolewe kwa uchache. Wanaopenda majani hupewa sukuma wiki au spinachi iliyochovywa katika maji moto, au minji iliyochemshwa na kumenywa. Mbuna, samaki wa rangi kali wenye asili ya Ziwa Malawi, wengi wao hula mwani uliofunika miamba. Wakizidishiwa nyama huvimba tumbo na kufa.

Ugali, mkate na chapati visitiwe katika tangi kamwe. Wanga huo hauwajengi samaki mwili, na huyachafua maji kwa saa chache. Vivyo hivyo, viluwiluwi wa mbu ni chakula kitamu kwa samaki, lakini wakichotwa katika mitaro ya mtaani huja na magonjwa na kemikali.

Maji ya mfereji na ya kisima

Bwawa la Ndakaini katika Kaunti ya Murang'a, lililokamilika mwaka 1994, ndilo tegemeo kubwa la Nairobi kwa maji. Maji hayo husafishwa na kutiwa klorini kabla ya kufika mferejini. Klorini humkinga binadamu dhidi ya maradhi ya tumbo, lakini huchoma mashavu ya samaki na kuwaua bakteria wa chujio. Maji yaachwe katika ndoo wazi kwa muda wa saa 24, au yatiwe dawa ya kuondoa klorini inayouzwa na wauzaji wa samaki.

Kila juma, badilisha robo ya maji. Kwa tangi la lita 50 hiyo ni lita 12 hivi, zisizojaza hata mtungi mmoja wa lita 20. Mitaa mingi ya Eastlands hupata maji kwa mgao, kwa hivyo mtungi wa samaki na ujazwe siku ya mgao, uwe wa kazi hiyo pekee, na usiguswe na sabuni. Maji yanayotolewa yasimwagwe: naitreti iliyomo ni mbolea nzuri kwa maua na mboga za barazani.

Maji ya visima vya Nairobi mara nyingi huwa na madini mengi kuliko ya mfereji. Ikiwa ploti imelazimika kutumia maji ya kisima au ya lori, yaingizwe kidogo kidogo kwa siku kadhaa, kwani badiliko la ghafla humshtua samaki hata kama maji yenyewe ni safi. Mbuna huyapenda maji yenye madini. Tetra wengi huyapendelea yaliyo laini.

Sifongo la chujio lioshwe ndani ya ndoo yenye maji yaliyotoka tangini, wala si chini ya mfereji. Anayemwaga maji yote na kusugua kila kitu kwa sabuni huanza upya safari ya majuma sita.

Joto, hewa na umeme

Samaki wa nchi za joto hustawi katika nyuzi 24 hadi 27 za Selsiasi. Nairobi haina joto hilo usiku, hususan Juni hadi Agosti. Kifaa cha kupasha maji joto ni cha lazima, na kadirio la kawaida ni wati moja kwa kila lita. Samaki wa dhahabu ni wa maji baridi, asichanganywe nao.

Isitoshe, Nairobi iko takriban mita 1,600 hadi 1,700 juu ya usawa wa bahari. Katika kimo hicho, maji hubeba oksijeni pungufu kwa karibu sehemu moja kati ya sita yakilinganishwa na maji yenye joto sawa yaliyoko Mombasa. Tangi lililosongamana samaki huadhibiwa zaidi hapa kuliko pwani.

Stima ikipotea, usilishe. Funika tangi kwa blanketi huku ukiacha nafasi ya hewa juu, na mara kwa mara chota maji kwa kikombe safi na kuyarudisha kutoka juu ili yachanganyike na hewa. Ikiwa chujio lililofungwa limesimama kwa saa nyingi, lisuuzwe katika maji ya tangi kabla ya kuwashwa.

Kuna adui mwingine asiyeshukiwa: dawa ya mbu ya kupuliza. Dawa nyingi za aina hiyo zina viambato vya jamii ya pareto, ambavyo ni sumu kali kwa samaki, nayo pampu ya hewa huvivuta na kuvipuliza majini. Usipulize dawa katika chumba chenye tangi.

Dalili za hatari

Samaki anayehema juu ya maji, aliyekunja mapezi au anayejisugua kwenye mawe anaomba msaada. Hatua ya kwanza ni kusimamisha chakula, kubadilisha robo ya maji na kukagua joto. Vidoa vyeupe mithili ya chembe za chumvi ni kazi ya kimelea kinachoshambulia hasa samaki waliopatwa na baridi, nacho kina dawa yake mahususi. Tembe za viuavijasumu za binadamu zitaua bakteria wema na kuzidisha msiba. Samaki mgeni atengwe majuma mawili katika chombo chake, na aliyekufa atolewe mara moja, kwani samaki mmoja akioza, wote huoza.

Mwisho, anayechoka na ufugaji awape wengine samaki na mimea yake, asiitupe mtoni. Gugu-maji lililotanda Ziwa Victoria tangu miaka ya 1990, na kulifunika Bwawa la Nairobi, lina asili ya Amerika Kusini, na lilisambazwa duniani na watu waliopenda maua yake. Mto Nairobi, unaopita Kariobangi na Dandora, humiminika katika Mto Athi, ambao hufika Bahari ya Hindi karibu na Malindi ukiitwa Sabaki. Kinachotupwa nyuma ya nyumba Eastlands kina njia ndefu mbele yake.