Njia ya Mwongo Si Fupi

Karibu na Harrietsham, jimboni Kent, kusini mashariki mwa Uingereza, hujaji wa mbao ameketishwa kwenye benchi kando ya njia, na wapita njia hupiga naye picha. Hainikeri sanamu, yanikera madai yaliyoiketisha pale.

Kisa cha mwanzo kinajulikana. Tarehe 29 Desemba 1170, makabaila wanne wa Mfalme Henry wa Pili walimuua Askofu Mkuu Thomas Becket ndani ya kanisa lake, Canterbury. Mwaka 1173 Papa alimtangaza mtakatifu, na kaburi lake likavuta mahujaji hadi 1538, Henry wa Nane alipoamuru livunjwe. Hayo hayana ubishi. Ubishi uko kwenye njia: eti umma huo ulitoka Winchester, ukaambaa na vilima vya North Downs kilomita zipatazo 190. Ndiyo hiyo wanayoiita Pilgrims' Way, Njia ya Mahujaji.

Nani kasema? Jina lilisikika sehemu chache za Kent. Aliyelitia mbawa ni Kapteni Edward Renouard James, mpima wa Ordnance Survey, idara ya ramani ya serikali, aliyechapisha kijitabu mwaka 1871. Likaingia kwenye ramani za serikali, na ramani ya serikali nani ataibishia? Mwaka 1904 mwandishi Hilaire Belloc akatoa The Old Road, kitabu kitamu kusoma, akiziba kila pengo la njia kwa dhana zake. Tangu hapo kila kitu kikawa cha mahujaji. Hata miyu, miti inayojiotea kwenye udongo wa chaki, ikasemwa waliipanda wao. Hata konokono wakubwa wa vilimani, eti walikuwa kitoweo chao!

Watafiti Elliston-Erwood mwaka 1925, na Hooper mwaka 1936, walidai ushahidi wa zama zenyewe, wakaambulia patupu. Nasimama nao. Mahujaji wa hadithi za mshairi Chaucer waliondokea Southwark, London, wakashika barabara ya Rochester. Mgeni aliyeshukia bandarini Dover alibakiwa na safari fupi tu. Simkatalii mtu wa Winchester kupita vilimani. Nakataa kumkabidhi njia nzima.

Kwani ilikuwa na wenyewe. Mteremkoni chaki hunywa mvua upesi. Bondeni ni udongo wa mfinyanzi unaong'ang'ania mguu. Watu wa kale walilijua hilo karne nyingi kabla ya Becket kuzaliwa. Na karne ya 18, barabara kuu zilipowekewa vizuizi vya ushuru, waliokuwa wakiswaga ng'ombe na kondoo mnadani walizikwepa kwa kupita huku juu. Jasho lao liliiweka njia hai, sifa wakapewa wengine.

Mengine ni ya juzi. Lami ilifunika vipande virefu. Mwaka 1978 ikafunguliwa North Downs Way, njia ya watembea kwa miguu ya kilomita 246 kutoka Farnham hadi Dover, ikipita mahali pengine kwenye njia ya zamani, pengine juu kileleni.

Wahenga walisema njia ya mwongo fupi. Hii imewakaidi. Sitaki jina la hujaji lifutwe, watu wamelizoea na wanalipenda. Lakini ramani iliyopata nafasi ya kuandika jina bila ushahidi haikosi nafasi ya kuandika la pili lenye ushahidi: njia ya waswaga ng'ombe.