Rangi Tatu na Mkono Uliofunikwa: Ramani ya Wameru Isiyochorwa

Wataalamu walioandika juu ya asili ya Wameru wameshughulishwa mno na swali moja: Mbwaa ilikuwa wapi? Mapokeo yasema kwamba Wameru waliishi Mbwaa, kando ya maji makuu, chini ya mabwana walioitwa Nguo Ntune, yaani nguo nyekundu. Kwamba mabwana hao waliwapa majaribio yasiyowezekana. Na kwamba kiongozi wao, Koomenjwe, aliyapiga maji kwa fimbo yakatengana, watu wakavuka. H. E. Lambert, ambaye wanafunzi wa Kiswahili wanamfahamu zaidi kwa uchunguzi wake wa lahaja za pwani, alikuwa mtawala wa wilaya huko Meru katika miaka ya 1930, naye aliyapima mapokeo hayo. Baadaye Jeffrey Fadiman aliiweka Mbwaa katika kisiwa cha Manda, jirani ya Lamu. Kufanana kwa habari hiyo na ile ya Musa kumewafanya wengine washuku athari ya wamisionari. Shaka hiyo ina haki yake, lakini haielezi rangi.

Kwa maana, katika masimulizi yaliyoenea, waliovuka usiku waliitwa Njiru, weusi; waliovuka alfajiri Ntune, wekundu; na waliovuka mchana Njeru, weupe. Koo za Wameru zikapangwa chini ya majina hayo. Mtu aliyeutaja ukoo wake, basi, aliitaja saa ambayo wazee wake waliyapita maji. Hii ni ramani, ila haipimi nchi bali yapima wakati, na wala haikuhitaji karatasi: ilichukuliwa katika majina ya watu wenyewe.

Idadi ya rangi hizo yafaa kuangaliwa kwa jicho la lugha. Kiswahili nacho kina vivumishi vitatu tu vya rangi vinavyopokea viambishi vya ngeli, navyo ni -eusi, -eupe na -ekundu. Rangi nyingine huazimwa kwa vitu: kijani kwa jani, kijivu kwa jivu, manjano kwa kiungo cha mchuzi. Iwapo Kimeru cha wazee kilikuwa na mpango kama huo, basi rangi tatu zilikuwa ndizo rangi zote. Kuwagawanya watu kwa Njiru, Ntune na Njeru kulikuwa sawa na kutamka kwamba hakuna aliyeachwa ng'ambo.

Upande wa pili wa ramani hii ni mwili. Waswahili, kwa kuwa ni watu wa bahari, walizipa pande mbili za dunia majina ya pepo, kusi na kaskazi. Wameru walitumia mikono: urio, mkono wa kulia, na umotho, wa kushoto, na maneno hayo yalitumika pia kutaja sehemu za jamii. Urio laelekea kutokana na kitenzi cha kula, kama vile kulia katika Kiswahili. Kwa kawaida ya Wabantu wengi, wa kushoto ndio mkono duni. Hata hivyo Bernardo Bernardi, katika kitabu chake cha mwaka 1959 juu ya Mugwe, yule kiongozi mwenye kubariki, aliandika kwamba Mugwe wa Imenti aliuficha mkono wake wa kushoto chini ya vazi. Mkono huo ulishika kiragu, alama ya mamlaka yake. Kazi yake ilikuwa kubariki tu, na kuuona kulikuwa kufa.

Mwaka uliofuata Rodney Needham, akitegemea maandiko, hasa ya Bernardi, alitoa makala mashuhuri juu ya mkono huo na kuyapanga mambo ya Wameru katika safu mbili: kushoto na kulia, kusini na kaskazini, usiku na mchana, koo nyeusi na koo nyeupe. Kazi hiyo ni ya akili kali, na ilieleza vema kwa nini upande uliodharauliwa waweza kubeba utakatifu. Lakini alfajiri imekwenda wapi? Koo nyekundu hazina safu yao. Msimulizi alihesabu tatu, mtaalamu akahesabu mbili, na kilichopotea ni ile saa ya katikati ambayo giza na nuru vilikuwa bado pamoja. Hasara hiyo yaonekana kuwa kubwa kuliko kukosea mahali pa Mbwaa.

Kwa jirani zao Waembu mambo ni mbali. Masimulizi yao yaliyo mashuhuri hayaanzi kwa kuvuka maji bali kwa Mwenendega na mkewe, ambao kumbukumbu yao imeshikamana na kijisitu kitakatifu karibu na Runyenjes; na jina la Waembu hufungamanishwa na mtoto wao, Kembu. H. S. K. Mwaniki, aliyekusanya historia za Embu na Mbeere na kuzichapisha mwaka 1973, alikuta pia habari za kuhamahama. Walakini kinacholindwa kwa miiko ni miti iliyosimama mahali pamoja. Mshale unaochorwa kutoka Manda hadi Mlima Kenya hauwezi kuionyesha miti hiyo, kama vile usivyoweza kuonyesha kwamba Ntune walivuka alfajiri.